Je, Wajua? Visiwa Vilivyosubiri Kumchagua Gavana Wao

Mtanzania akisikia neno "Gavana", wa kwanza kumjia kichwani ni mkuu wa Benki Kuu, yule ambaye saini yake iko kwenye noti. Mkenya, tangu Machi 2013, anamwona mtu wa misafara na mabango anayekuja kuomba kura. Lakini wako watu wa visiwani ambao kwa miaka mingi gavana kwao alikuwa mgeni tu, anayeshuka melini na barua ya uteuzi mfukoni. Leo tunazunguka visiwa vilivyo chini ya bendera ya Marekani, vya Karibi na vya Pasifiki, kisha tunarudi Bahari ya Hindi kwa jirani zetu.

JE, WAJUA kwamba kisiwa cha Guam kilitekwa kwa mizinga iliyodhaniwa kuwa ni salamu? Juni 1898, manowari ya Marekani USS Charleston, chini ya Kapteni Henry Glass, ilifyatua mizinga kuelekea ngome kuukuu ya Wahispania. Maofisa wa Kihispania wakapanda mashua kwenda melini kuomba radhi: walidhani wamepigiwa mizinga ya heshima, na wao hawakuwa na baruti ya kujibu. Huko melini ndiko walikoambiwa kwamba Uhispania na Marekani ziko vitani. Habari ya vita ilikuwa haijawafikia. Gavana Juan Marina akajisalimisha, na Charleston ikaendelea na safari yake ya Manila.

JE, WAJUA kwamba wenye visiwa hawakuwa na kiti mezani? Mkataba wa Paris wa Desemba 10, 1898 uliikabidhi Marekani Puerto Rico, Guam na Ufilipino, na Uhispania ikalipwa dola milioni 20 kwa ajili ya Ufilipino. Felipe Agoncillo, mjumbe wa Wafilipino, alifunga safari hadi Paris ili asikilizwe. Hakusikilizwa.

JE, WAJUA kwamba hatima ya visiwa hivi iliamuliwa kwa kesi ya machungwa? Mfanyabiashara Downes aliingiza New York machungwa kutoka Puerto Rico akatozwa ushuru wa dola 659.35, kana kwamba mzigo umetoka nchi ya kigeni. Akaenda mahakamani: kama Puerto Rico ni ya Marekani, ushuru wa nini? Mwaka 1901 Mahakama Kuu ya Marekani ilimwangusha. Ilisema kisiwa hicho ni mali ya Marekani lakini si sehemu kamili ya Marekani, kwa hiyo Katiba haifiki huko yote. Ni cha ndani na ni cha nje kwa wakati mmoja. Ukishaelewa sentensi hiyo, mengine yote katika safu hii hayatakushangaza.

JE, WAJUA kwamba gavana mmoja wa Guam alipiga marufuku kupiga mluzi? Kuanzia 1899 Guam ilikuwa mikononi mwa Jeshi la Majini, na nahodha aliyepangiwa kituo hicho ndiye aliyekuwa gavana. Yeye huyo alitunga sheria, yeye huyo alizisimamia, na rufaa ziliishia kwake. Kapteni William Gilmer, aliyeshika nafasi hiyo baada ya Vita vya Kwanza vya Dunia, hakupenda miluzi, basi miluzi ikawa kosa. Alijaribu pia kuzuia ndoa za Wazungu na wenyeji wa Kichamorro, na hilo likamwondoa. Aliyemwondoa hakuwa mwananchi wa Guam. Ni wakubwa wake Washington.

JE, WAJUA kwamba Wapuertorico walimbadilisha gavana jina? E. Montgomery Reily aliletwa na Rais Warren Harding mwaka 1921. Katika hotuba yake ya kuapishwa aliwaambia wenyeji kwamba hakuna nafasi ya bendera nyingine kisiwani zaidi ya ile ya Marekani. Watu hawakurusha mawe. Wakaanza kumwita "Moncho Reyes", jina lake lililotafsiriwa kwa dhihaka kama la jamaa fulani wa mtaani, na jina likamganda hata baada ya kuondoka 1923. Sisi wa pwani tunajua lakabu inavyouma kuliko maandamano.

JE, WAJUA kwamba Visiwa vya Virgin vilinunuliwa kwa dhahabu? Denmark iliviuza kwa Marekani kwa dola milioni 25 za dhahabu, na bendera zikabadilishwa Machi 31, 1917. Wadenmark wa Ulaya walipiga kura ya maoni kuamua kama wauze. Wakazi wa visiwa vyenyewe, wengi wao vizazi vya Waafrika waliotoka utumwani Julai 1848, hawakushirikishwa katika kura hiyo. Halafu kwa miaka 14 wakatawaliwa na maofisa wa Jeshi la Majini. Gavana wa kwanza wa kiraia, Paul Pearson, alifika 1931. Mwaka huohuo Rais Herbert Hoover alivitembelea visiwa hivyo, akasema hadharani kwamba Marekani imejipatia nyumba ya maskini. Mgeni njoo, mwenyeji apone. Huyu alikuja akamtukana mwenyeji.

JE, WAJUA kwamba mtu mweusi alikuwa gavana chini ya bendera ya Marekani mwaka 1946, wakati majimbo ya kusini mwa nchi hiyo yalikuwa bado yakimzuia mtu mweusi hata kupiga kura? William Hastie, mwanasheria aliyejiuzulu wadhifa wake katika Wizara ya Vita mwaka 1943 akipinga ubaguzi jeshini, aliteuliwa na Rais Harry Truman kwenda Visiwa vya Virgin. Naye hata hivyo alikuwa gavana wa kuletwa. Wakazi walishangilia, lakini hawakuulizwa.

Sasa tukae kidogo Puerto Rico, maana kura ya kwanza ya gavana ilipigwa huko.

JE, WAJUA kwamba kura ya Puerto Rico iliwahi kuwa na bei inayojulikana? Dola mbili. Wenye mashamba ya miwa na mawakala wao waliwapa wakulima hela hizo, wakati mwingine viatu, na wakulima wakapiga kura walivyoelekezwa. Luis Muñoz Marín, mwandishi wa habari na mshairi ambaye baba yake alikuwa mwanasiasa mkubwa wa kisiwa, aliunda chama mwaka 1938, akatembea milimani kijiji kwa kijiji na ombi moja lisilo la kawaida: msiniahidi kura zenu, nikopesheni, na nisipotimiza mninyang'anye uchaguzi ujao. Nembo ya chama ilikuwa uso wa mkulima aliyevaa kofia ya ukindu, na maneno matatu: mkate, ardhi, uhuru. Mwaka 1940 chama hicho kikalitwaa Baraza la Seneti la kisiwa kwa tofauti ndogo sana. Msomaji aliyewahi kupokea khanga na kilo ya sukari wiki ya uchaguzi ataelewa ushindi huo ulikuwa mzito kiasi gani.

Lakini Seneti si ikulu. Katika jumba la La Fortaleza, lililojengwa na Wahispania tangu miaka ya 1530 na ambalo magavana wanaishi hadi leo, alikaa mteule wa Washington. Yaliyoweza kufanywa na mteule yalionekana Machi 21, 1937, Jumapili ya Matawi. Gavana alikuwa Jenerali mstaafu Blanton Winship. Katika mji wa Ponce polisi waliwafyatulia risasi wazalendo waliokuwa wakiandamana, na watu 19 wakafa, wawili kati yao wakiwa polisi. Uchunguzi wa kamati ya wanaharakati wa haki za raia ulimtupia lawama gavana. Wapigakura wa Puerto Rico hawakuwa na njia ya kumwajibisha, kwa kuwa hawakuwa waajiri wake.

Mambo yalianza kulegea 1946. Truman alimteua Jesús Piñero, Mpuertorico wa kwanza kushika ugavana chini ya Marekani. Agosti 5, 1947 Truman akatia saini sheria ya kuwaruhusu wakazi kumchagua gavana wao. Novemba 1948 wakapiga kura, Muñoz Marín akapata takriban asilimia 61, na Januari 2, 1949 akaapishwa. Miaka hamsini na ushei ilikuwa imepita tangu Wamarekani washuke pwani ya Guánica, Julai 25, 1898.

JE, WAJUA kwamba hata sheria hiyo ilikuja na kamba mguuni? Rais wa Marekani alibaki na mamlaka ya kuwateua majaji wa Mahakama Kuu ya kisiwa na mkaguzi wa hesabu. Umempa mtu nyumba, ukabaki na funguo za stoo. Kamba hiyo ilikatwa na katiba ya Julai 25, 1952, tarehe iliyochaguliwa makusudi ili siku ya uvamizi igeuke kuwa siku ya katiba.

JE, WAJUA kwamba Muñoz Marín alikataa kuongezewa muda? Alitawala vipindi vinne, miaka 16. Mwaka 1964 wajumbe wa mkutano mkuu wa chama walimpigia kelele agombee tena, naye akagoma, akampisha Roberto Sánchez Vilella. Afrika tuna orodha fupi ya waliofanya hivyo.

JE, WAJUA kwamba wabunge wa Guam waligoma kwa kutoka nje? Guam ilikuwa imeteseka: Wajapani waliikalia kuanzia Desemba 1941 hadi Wamarekani waliporudi Julai 1944. Vita vilipokwisha, Jeshi la Majini likarudi na ugavana wake wa zamani. Kulikuwa na baraza la wawakilishi, ila neno la mwisho lilikuwa la gavana. Machi 1949 wawakilishi walimwita Mmarekani mmoja aje kuhojiwa kuhusu biashara yake, yeye akakataa, na gavana, Charles Pownall, akasema baraza halina uwezo wa kumlazimisha. Wawakilishi wakaahirisha kikao, wakatoka, hawakurudi. Gavana akatangaza viti vyao viko wazi. Ila Carlos Taitano, mmoja wao, alikuwa ameshazungumza na waandishi wa habari wa Marekani bara, na magazeti ya Marekani yakaandika jinsi raia wanavyotawaliwa na manowari. Mwaka huohuo kisiwa kilipata gavana wa kiraia, na Agosti 1, 1950 Truman akatia saini sheria iliyowapa watu wa Guam uraia wa Marekani. Gavana bado aliteuliwa. Mchamorro wa kwanza katika kiti hicho, Joseph Flores, aliwekwa hapo na Washington mwaka 1960.

JE, WAJUA kwamba Visiwa vya Virgin na Guam, vilivyo nusu dunia mbali mbali, vilipata haki ya kumchagua gavana ndani ya siku 19? Rais Lyndon Johnson alitia saini sheria ya Visiwa vya Virgin Agosti 23, 1968 na ya Guam Septemba 11. Kura zikapigwa Novemba 1970. Washindi wote wawili walikuwa tayari wamekalia viti kwa uteuzi wa Rais Richard Nixon, kwa hiyo waliomba kwa wananchi kazi waliyokuwa wakiifanya. Wote wawili walikuwa madaktari: Melvin Evans wa St. Croix, tabibu, aliyehitaji duru ya pili kumshinda Cyril King. Na Carlos Camacho wa Guam, daktari wa meno. Wote wawili waliapishwa Januari 4, 1971. Cyril King hakukata tamaa. Alishinda 1974, akafariki akiwa madarakani Januari 1978, na uwanja wa ndege wa St. Thomas una jina lake.

JE, WAJUA kwamba sheria hizo za 1968 zilikuja pia na fimbo? Wapigakura wakimchoka gavana kabla ya muda wake, wanaweza kumwondoa kwa kura ya maoni. Zamani hilo lilikuwa hiari ya Rais peke yake.

JE, WAJUA kwamba gavana wa kwanza kuchaguliwa Guam na gavana wa kwanza kuchaguliwa Visiwa vya Mariana Kaskazini wote wanaitwa Carlos Camacho? Si mtu mmoja. Wa Guam ni Carlos García Camacho, wa Mariana Kaskazini ni Carlos Sablan Camacho, naye vilevile daktari, aliyeanza kazi Januari 1978. Wachamorro wa pande hizo mbili ni watu wa damu moja waliotenganishwa na wakoloni: baada ya vita vya 1898 Guam ilibaki Marekani, na visiwa vya kaskazini vikapita kwa Wajerumani, kisha Wajapani, kisha udhamini wa Umoja wa Mataifa. Mwaka 1969 wapigakura wa Guam waliulizwa kama wanataka kuungana tena na ndugu zao. Wakakataa. Juni 1975 wa kaskazini wakapiga kura yao wenyewe, na karibu asilimia 79 wakakubali kujiunga na Marekani kwa mkataba uliowapa gavana wa kuchaguliwa tangu siku ya kwanza. Waliokuja mwisho hawakusubiri hata kidogo!

JE, WAJUA kwamba kuna watu walioletewa haki hii mezani wakaisukuma pembeni mara tatu? Hao ni Wasamoa wa Samoa ya Marekani. Waliulizwa mwaka 1972, wakasema hapana. Wakaulizwa 1973, hapana. Wakaulizwa 1974, hapana. Mtu wa mbali anaweza kudhani ni uzito wa kuelewa, lakini anakosea. Samoa ina wakuu wa koo wanaoitwa matai, na sehemu kubwa kabisa ya ardhi ni ya ukoo, haiuzwi kwa mgeni. Wengi waliogopa kwamba siasa za kampeni zitawapasua ndugu, na kwamba gavana asiyetoka Washington hatakuwa na mkono wa kufika kwenye hazina ya Washington. Mwaka 1976 walikubali. Uchaguzi ukafanyika Novemba 1977, akashinda Peter Tali Coleman, mwanasheria mzaliwa wa Pago Pago ambaye Rais Eisenhower alikuwa amemteua gavana tangu 1956. Coleman alishika ugavana kwa awamu, za kuteuliwa na za kuchaguliwa, hadi Januari 1993. Ukihesabu, ameugusa muongo wa 50, 60, 70, 80 na 90.

JE, WAJUA kwamba haki hiyo ya Wasamoa imesimama juu ya amri ya waziri? Wenzao wana sheria za Bunge la Marekani. Wao wana agizo la Waziri wa Mambo ya Ndani. Na usimfikirie waziri wa polisi na magereza kama wetu: kule wizara hiyo ndiyo inayotunza ardhi ya serikali, hifadhi za taifa na wanyamapori, na visiwa viliwekwa humohumo. Zaidi ya hayo, mtoto anayezaliwa Samoa ya Marekani hazaliwi raia wa Marekani. Anapata pasipoti ya nchi hiyo, lakini uraia lazima auombe.

Za haraka haraka:

Hawaii iliingia kwa mlango mwingine. Magavana wake waliteuliwa kuanzia 1900, hadi ilipokuwa jimbo Agosti 1959 na kumwapisha William Quinn aliyechaguliwa.

Mkazi wa Puerto Rico, Visiwa vya Virgin, Guam, Mariana Kaskazini au Samoa ya Marekani anamchagua gavana, lakini hampigii kura Rais wa Marekani akiwa nyumbani. Watu wa Guam huweka sanduku la kura za Rais hata hivyo. Haziingii kwenye matokeo ya Rais, na bado wanapanga foleni.

Mwanamke wa kwanza kuchaguliwa gavana wa Puerto Rico ni Sila María Calderón, aliyeapishwa 2001. Guam walimpata wa kwao Januari 2019, Lou Leon Guerrero.

Julai 2019, kurasa 889 za mazungumzo ya faragha ya maandishi kati ya gavana wa Puerto Rico, Ricardo Rosselló, na wasaidizi wake zilivuja. Zilijaa matusi. Wananchi wakajaza barabara, na Agosti 2 akaondoka. Hakuna gavana wa kuchaguliwa kisiwani humo aliyekuwa amejiuzulu kabla yake.

Tangu 2016 bajeti ya gavana wa Puerto Rico hupita kwenye bodi ya viti saba ambayo wajumbe wake huwekwa na Washington kwa sababu ya madeni ya kisiwa. Hakuna hata mmoja wao aliyepigiwa kura. Mwaka huohuo Mahakama Kuu ilisema asili ya mamlaka ya kisiwa hicho ni Bunge la Marekani. Yale machungwa ya Downes bado yana juisi.

Na sasa turudi huku kwetu.

JE, WAJUA kwamba visiwa vya Komoro vinachagua magavana? Komoro ilijitangazia uhuru Julai 6, 1975. Mwaka 1997 kisiwa chake cha Nzwani kikatangaza kujitenga, na baada ya makubaliano ya Fomboni ya Februari 2001 ikakubalika kwamba kila kisiwa, yaani Ngazija, Nzwani na Mwali, kiwe na rais wake, juu yao rais wa Muungano. Marais wanne kwa nchi ndogo kuliko mkoa wa kawaida wa Tanzania! Mzigo huo haukubebeka. Mohamed Bacar wa Nzwani muda wake ulipokwisha 2007 alifanya uchaguzi wake mwenyewe na kukataa kung'oka. Machi 25, 2008 majeshi ya Umoja wa Afrika, wakiwemo wanajeshi wa Tanzania, yalitua Nzwani pamoja na jeshi la Komoro, na Bacar akakimbilia kisiwa jirani cha Maore kwa boti. Mei 2009 kura ya maoni ikawashusha marais wa visiwa wakawa magavana, na mwaka 2010 Wakomoro wakawachagua wa kwanza chini ya cheo hicho kipya. Angalia safari ilivyo kinyume: Wapuertorico walipanda hadi kwa gavana wa kuchaguliwa, Wakomoro waliteremka hadi kwake.

JE, WAJUA habari ya kisiwa cha nne? Maore ilibaki na Ufaransa wenzake walipoondoka 1975, na Machi 2011 ikawa mkoa kamili wa nchi hiyo, wa 101. Inachagua madiwani wake na wabunge wa kwenda Paris. Mwakilishi wa serikali anayekaa kisiwani huitwa prifekti, na huteuliwa na Rais wa Ufaransa.